Saa Yako Inaonyesha Saa, au Inakuonyesha Wewe?

Humu wenzangu huandika siasa, wengine viza, wengine mapenzi. Mimi leo naomba niandike kuhusu kitu kidogo tu: saa ya mkononi. Najua wapo watakaosema huyu mhandisi amekosa la kuandika. Subirini kidogo. Kitu hiki kidogo kiliniaibisha mbele ya mdogo wangu, na sitaki kikuaibishe na wewe.

Mwaka wangu wa kwanza hapa Leeds, wiki ile ile niliyopata posho ya kwanza ya utafiti, nilipita dukani nikaona saa. Bwana wee! Kubwa kama kisosi, rangi ya fedha, usoni ina visahani vitatu vidogo na pembeni vitufe viwili. Bei pauni 285. Sikuwa nazo, lakini muuzaji akaniambia naweza kulipa kwa awamu sita. Nikasaini. Sababu niliyojiambia ni kwamba mtu wa uhandisi anahitaji saa ya maana. Sababu ya kweli ilikuwa Desemba. Nilikuwa nakwenda nyumbani Morogoro kwa mara ya kwanza tangu niondoke, na nyote mnajua macho ya watu pale uwanja wa ndege yanavyotembea. Yanaanzia viatuni, yanapanda mkononi, ndipo yanafika usoni. Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi. Mimi nikaamua wangu usiwe mtupu.

Novemba mdogo wangu wa kike, aliyekuwa anasoma uuguzi, akaniandikia ujumbe: "Shikamoo kaka. Ukija naomba uniletee saa ya kawaida tu, yenye mshale wa sekunde. Wodini tunahesabu mapigo na simu haturuhusiwi kushika." Nikamjibu: "Marahaba. Mambo huku magumu kidogo, tutaona." Sikusema uongo kabisa. Mambo yalikuwa magumu kweli, kwa sababu nilikuwa nadaiwa saa.

Siku ya pili nyumbani tumekaa barazani baada ya chakula. Akaishika saa yangu. "Kaka, nzuri! Hebu nihesabu mapigo yako." Akaweka vidole viwili kwenye mkono wangu wa kulia, akatazama saa kwenye wa kushoto. Akangoja. "Mbona mshale wa sekunde hauendi? Imekufa?"

Haikuwa imekufa. Saa nyingi za aina ile, ule mshale mrefu wa katikati ni wa kupimia muda, hautembei mpaka ubonyeze kitufe. Sekunde za kawaida zinatembea kwenye kisahani kimoja kidogo, ambacho hata mimi mwenye saa sikuwahi kukisoma bila kukodoa macho. Nikamwonyesha kitufe, akabonyeza, akahesabu. Kisha akauliza taratibu, "Bei gani, kaka?" Nikamtajia nusu ya bei. Hata hiyo nusu ilimnyamazisha. Mama akabadilisha mazungumzo.

Baadaye ndiyo akanieleza kwa nini aliomba ile saa. Mtoto mdogo akiletwa ana kikohozi, muuguzi anahesabu anavuta pumzi mara ngapi kwa dakika nzima. Mtoto wa miezi 2 hadi chini ya mwaka mmoja akifika 50, na wa mwaka mmoja hadi mitano akifika 40, hiyo ni pumzi ya haraka, na ni dalili mojawapo ya nimonia. Sasa pigeni hesabu na mimi. Mtoto wa miezi minane anavuta pumzi 52 kwa dakika. Muuguzi hana saa, anakisia, anaacha kuhesabu kwenye sekunde ya 50. Atapata 43. Ataandika kwamba pumzi si ya haraka. Mdogo wangu hakukisia, lakini kila zamu alikuwa anaazima saa ya mwenzake. Na kaka yake yuko Ulaya, anavaa visahani vitatu.

Ndugu zangu, sisemi saa nzuri ni dhambi. Ninachosema ni kwamba saa ya kila siku ni kifaa, na kifaa huchaguliwa kwa maswali matatu: itafanya kazi gani, itafanyia wapi, na ikiharibika nani ataitengeneza. Swali la nne, "watu watasemaje," ndilo sisi wanafunzi wa ughaibuni tunalianza, na ndilo linalotumaliza. Basi naomba nieleze nilichojifunza, ili pesa yako isiende nilikopeleka yangu.

Kwanza kabisa, saa isomeke kwa kutupia jicho mara moja. Hapa ndipo saa nyingi za maonyesho zinaposhindwa. Tafuta uso wa rangi moja, mishale inayotofautiana na uso ule, nyeupe juu ya nyeusi au nyeusi juu ya nyeupe, na mshale wa sekunde unaofika hadi kwenye alama za dakika. Mishale ya fedha juu ya uso wa fedha inapendeza dukani kwenye taa. Ukitoka nje inapotea. Na sisi Waswahili tuna faida yetu kwenye saa ya mishale. Saa tunazozitaja zinapishana na za Kiingereza kwa sita, yaani upande wa pili wa uso wa saa. Mshale mfupi ukielekea kwenye 9, mkia wake unaelekea kwenye 3, na hiyo ndiyo saa tatu. Ukichoka kupiga hesabu kichwani, soma mkia. Hakuna saa janja itakayokupa raha hiyo bure.

Kwa wanaopiga simu nyumbani kutoka hapa Uingereza, kumbukeni pia kwamba Afrika Mashariki haibadilishi saa, ila hapa wanabadilisha Jumapili ya mwisho ya Machi na Jumapili ya mwisho ya Oktoba. Wakati wa baridi nyumbani wako mbele kwa saa tatu, wakati wa joto saa mbili. Saa yenye mshale wa ziada kwa nchi ya pili ni msaada mzuri, lakini si lazima. Kujua tofauti kunatosha, na kutakuepusha kumwamsha Mama saa saba za usiku kumuuliza habari za jioni.

Pili, maji. Hapa niliaibika kama mhandisi. Nyuma ya saa yangu iliandikwa mita 30. Wakati wa Krismasi tulikwenda Bagamoyo, nikaingia baharini nayo. Nikasema mimi sizami hata mita mbili, 30 za nini! Jioni kioo kikawa na ukungu kwa ndani. Kumbe ile namba si kina unachoruhusiwa kwenda. Ni shinikizo lililopimwa kiwandani, saa ikiwa mpya na imetulia tuli. Mkono unaopiga mawimbi, vitufe vinavyoguswa ndani ya maji, na mipira ya kuzuia maji iliyozeeka ni mambo mengine kabisa. Kwa matumizi yetu shikeni hivi: saa isiyoandikwa kitu iepushe na maji, mita 30 ni kwa mvua na kunawa mikono, mita 50 unaweza kuogelea kidogo, mita 100 ogelea bila wasiwasi. Ndugu zetu Waislamu wanaotawadha mara tano kwa siku, mkono hauna likizo na maji, kwa hiyo msishuke chini ya mita 50. Na bafu la maji moto usiingie nayo hata ikiwa ya mita 100, maana joto na sabuni vinaila ile mipira taratibu.

Tatu, inaendeshwa na nini? Hapa kuna makundi manne.

Lipo la betri ya kawaida, zile zilizoandikwa "Quartz." Ndani yake mna kijiwe cha kwatsi kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde, na saa inahesabu mitetemo hiyo. Saa ya kwanza ya mkononi ya namna hii kuuzwa madukani ilikuwa Seiko Astron, Desemba 1969, na wakati huo ilikuwa ghali sana. Leo teknolojia ile ile inapatikana kwa bei ya chakula cha mchana cha watu wawili. Kwa kawaida inakosea kama sekunde 15 kwa mwezi, yaani dakika tatu kwa mwaka.

Zipo za ufunguo, pamoja na zile zinazojijaza kwa kutikisika mkono. Ni nzuri, hazihitaji betri, na mimi nazipenda kama mtu wa mashine. Lakini za bei ya kawaida zinaweza kukosea sekunde 20 kwa siku au zaidi. Sekunde 20 kwa siku ni dakika kumi kwa mwezi. Halafu kila baada ya miaka michache inataka kufunguliwa, kusafishwa na kutiwa mafuta, na hapa Uingereza gharama ya kazi hiyo inaweza kupita bei uliyoinunulia. Tena sumaku za spika na za vifuniko vya simu zinaweza kuivuruga. Kama unataka ya kupenda, sawa. Kama unataka ya kukuwahisha basi, fikiria tena.

Yapo ya mwanga. Haya ndiyo chaguo langu. Ndani ni kwatsi kama kawaida, ila uso wa saa unapokea mwanga na kuchaji betri yake. Kwetu jua ni la bure. Hapa Leeds mwezi Desemba jua linazama kabla ya saa kumi jioni, na mkono wenyewe unashinda ndani ya koti, kwa hiyo usiku mmoja mmoja iache chini ya taa au dirishani. Usiifungie kwenye droo miezi mingi ukategemea kuikuta hai.

Mwisho ni saa janja. Zina faida zake, sizibezi. Lakini nyingi zinadai chaji kila siku au kila baada ya siku chache, na nyumbani umeme una tabia zake. Kingine, mitihani: vyuo vingi haviruhusu saa janja chumba cha mtihani, na vingine vinataka hata saa ya kawaida uivue uiweke mezani. Nimeona mwenzetu anaingia mtihani wa saa tatu bila saa wala simu, ameketi nyuma ya nguzo, saa ya ukutani haioni. Soma kanuni za chuo chako mapema.

Kuna na zile zinazojirekebisha zenyewe kwa mawimbi ya redio. Hapa Uingereza zinapokea ishara kutoka Anthorn, kule Cumbria. Ujerumani, Marekani, Japani na China wana mitambo yao. Afrika Mashariki hatuna. Kwa hiyo usimpelekee mjomba saa ya namna hiyo ukamwahidi itajirekebisha. Ikifika Dodoma itakuwa saa ya kawaida tu iliyouzwa kwa bei ya juu.

Nne, kioo na mkanda. Vumbi la kwetu limejaa chembe za mchanga wa kwatsi, ambazo ni ngumu kuliko kioo cha kawaida cha saa. Ndiyo maana ukipangusa saa yenye vumbi kwenye suruali inachubuka. Kioo cha safaya ni kigumu kuliko mchanga ule, hakichubuki ovyo, ingawa kikigongwa sana kinaweza kupasuka. Kama bei yake hukuifikia, usihuzunike. Suuza vumbi kwanza ndipo upanguse. Mkanda wa ngozi unapendeza kwenye baridi, lakini jasho la Dar es Salaam au Mombasa litauozesha. Mpira, nailoni au chuma kisichoshika kutu ni bora. Angalia pia upana wa mkanda pale unapoungana na saa: ukiwa milimita 18, 20 au 22, mkanda mwingine utaupata kirahisi. Saa yenye mkanda wa umbo lake peke yake, siku ukikatika na saa imekwisha.

Kwa wanaofanya kazi maabara na karakana, hapa nasema kwa ukali kidogo. Karibu na mashine inayozunguka au nyaya zenye umeme, saa vua. Mkanda wa chuma unapitisha umeme, na mashine haijui bei ya saa yako. Na wale wanaosomea uuguzi hapa, mnajua hospitali za umma za Uingereza haziruhusu saa ya mkononi ukiwa unahudumia wagonjwa. Nyie nunueni ya kubandika kifuani.

Tano, fundi. Siku mbili baada ya Bagamoyo nilikwenda kwa mzee mmoja anayetengeneza saa karibu na stendi. Akaifungua, akaweka ile lenzi yake jichoni, akaguna. "Mwanangu, nitaikausha. Lakini chumvi imeshaingia, na mpira wake huu mimi sina, wala hutaupata hapa." Halafu akanionyesha droo yake imejaa betri na mikanda ya saa za kawaida, Casio na Seiko za watu. Hapo nikaelewa. Saa unayoweza kuitengeneza ni ile ambayo watu wengi wanayo. Upekee tunaoulipia dukani ndio unaotutesa kwa fundi.

Kama mfuko ni mwepesi kabisa, ipo Casio F-91W. Ilitoka mwaka 1989, bado inatengenezwa, na hapa Uingereza huuzwa kwa bei nafuu. Betri inadumu kama miaka saba. Taa yake hafifu, maji haitaki mengi, na haijui mwaka mrefu, Februari kwake ina siku 28 tu. Lakini itakuamsha, itakuhesabia sekunde, na ikipotea hutalia. Za feki zimejaa kila soko, basi shika siri hii: bonyeza kitufe cha kulia bila kuachia kwa sekunde tatu. Ya kweli itaandika CASIo kwenye kioo. Feki nyingi hazifanyi hivyo.

Sasa najua hoja zenu. Mmoja atasema, "Saa ya nini, simu si ninayo?" Simu inaonyesha saa, ndiyo, pamoja na ujumbe sita na picha nane. Unaitoa uone saa, unairudisha baada ya robo saa hujui hata saa ulikuwa ngapi. Na ukiitoa mbele ya msimamizi wako anadhani umemchoka.

Mwingine atasema, "Kaka, saa ni heshima. Nikifika nyumbani na saa ya pauni 20 watasema nimefeli maisha." Hoja hii siidharau, maana ndiyo iliyoninunulia ya kwangu. Ni kweli watu wanapima. Lakini tujiulize, wanapima kwa sababu gani? Ni kwa sababu sisi wenyewe ndio tuliowafundisha. Tunaficha usiku tunaosafisha maofisi, tunaficha madeni, halafu tunashuka kwenye ndege na mkono unaong'aa. Akituomba mtu ada tunasema mambo magumu. Haamini, na ana haki asiamini, kwa sababu ushahidi uko mkononi. Ukiwa na pesa zako halali, huna deni na nyumbani hawalali njaa, nunua saa yoyote roho inayotaka, uivae kwa raha. Ila usikope uonekane.

Kabla sijaondoka Morogoro nilirudi kwa yule mzee. Nikanunua saa ya uso mweupe, namba zote kumi na mbili, mshale mwekundu wa sekunde unaofika hadi ukingoni. Bei yake haikufika robo ya awamu yangu moja. Mdogo wangu akaivaa, akautazama ule mshale mwekundu ukizunguka mpaka ukamaliza dakika nzima, akasema, "Asante kaka, hii ndiyo." Nikamweleza bei ya kweli ya ile nyingine. Akasema alikuwa anajua. Aliitafuta kwenye mtandao usiku ule ule.

Awamu zilizobaki nikazilipa kwa adabu, kwa saa iliyokuwa kwenye droo na ukungu wake. Sasa navaa ya mwanga, mita 100, uso mweusi na mishale myeupe. Hakuna aliyewahi kuisifia. Yeye amehitimu, yuko kazini, na ile ya mshale mwekundu bado anaivaa. Betri amebadilisha mara moja, kwa mzee yule yule wa stendi.

Kwa hiyo wapendwa, mtakaokwenda nyumbani Desemba hii, kabla hujaingia dukani piga simu kwanza. Usiulize "nikuletee nini kizuri." Uliza, "unafanya kazi gani siku hizi, na unahitaji nini?" Jibu linaweza kuwa rahisi kuliko unavyodhani.

Naomba kuwasilisha.